Uso Ulifichwa, Ngolo Zikamtaja

Jua ndiyo kwanza linachungulia kijiji cha Mapera, na Hildegardi Ndunguru ameshainama. Anachimba udongo wa katikati, anautupia juu ya nyasi zilizolazwa, anahamia shimo jingine. Nyuma yake mteremko umejaa ngolo, yale mashimo ya Wamatengo yanayozuia mvua isikokote udongo. Shamba si lake.

"We kibarua! Kona ile umeiona?" mwenye shamba anaita kutoka juu.

"Nimeiona, baba. Na jina ninalo," anajibu huku akicheka.

Mwaka jana asingethubutu. Mjane huyu amewalimia watu miaka mingi, siku nzima kwa shilingi elfu sita. Lakini binti yake alipoolewa Liuli, kule ziwani, yeye mama aliwaambia wakwe kwamba anaishi kwa kahawa yake mwenyewe. Basi kijana Cleopa alipokuja kutengeneza filamu fupi kuhusu watu wasiotajwa majina, Hildegardi alikubali kwa sharti moja: uso usionekane.

"Nilichukua mikono na mgongo tu," anasema Cleopa, mzaliwa wa ziwani. "Ngolo sikuzifikiria. Kwetu hatuna."

Filamu ilionyeshwa katika ukumbi wa parokia. Mkwe wake, Mama Dorothy, mama wa mume wa binti yake, alikuwa amekuja kumtembelea, wakakaa benchi moja. Zilipotokea ngolo, kona zake kama zimekatwa kwa kisu, jinsi achimbavyo Hildegardi peke yake, shemeji yake Placidi akapaza sauti:

"Shemeji, uso umeuficha, ngolo utazificha wapi?"

Ukumbi ukaangua kicheko.

"Mkwe, ni wewe?" Mama Dorothy akanong'ona.

"Nilitamani benchi linimeze," anasimulia Hildegardi. "Nikasema basi, yaishe. Nikamwambia, ni mimi. Ile kahawa ni ya watu, mimi naichuma tu."

Mama Dorothy akamfinya mkono. "Na wale dagaa wa usipa ninaokuletea? Naanika wa watu, mwenzangu. Nalipwa samaki haohao."

Wakacheka mpaka wakaambiwa wanyamaze.

Palepale Hildegardi akamtaka Cleopa aandike jina lake mwishoni mwa filamu, na la ukoo pia. Limeandikwa. Siku hizi wanaomhitaji huulizia nyumba ya Hildegardi, na bei wanapatana kabla hajashika jembe.

Msimu ujao atakodi mteremko mdogo kijijini Maguu. Maharage ya kwanza yatateremka Liuli kwa Mama Dorothy.

"Mkwe akiuliza ni ya nani," anasema akipangusa jembe, "nitamwambia yangu. Na safari hii aje ayaone yakiwa shambani."