Socorro wa Gatitu

Juzi mke wa mwanangu alinipigia simu kutoka Othaya, siku ya tatu tangu ajifungue. Mwanangu ni wa pekee, alichelewa kuoa, na huyu ndiye mtoto wao wa kwanza, msichana. Kwa desturi yetu Wagikuyu, msichana wa kwanza hupewa jina la mama ya baba yake, kwa hivyo zamu ilikuwa yangu. Binti wa watu alikuwa na furaha tele. "Mum, tumeangalia hiyo jina yako kwa simu," akaniambia. "Ni ya kisasa, ati hata Brazil wanaitana hivyo." Nikamwambia wasiandikishe chochote mpaka nifike, nikakata simu. Nilikaa jikoni nimekasirika, na kosa halikuwa lake hata kidogo.

Kisasa! Rafiki yangu, mimi naitwa Socorro, na jina hili nimeligombania tangu meno ya utotoni. Nipe sikio basi, nikueleze lilivyofika kijijini kwetu Gatitu.

Nilizaliwa wakati wa Imanjensi, miaka ile ya mwisho ya Mwingereza, Mgikuyu alipokuwa haruhusiwi kukanyaga mjini bila kibali. Mama na cucu, yaani mama yake baba, walikuwa wameshuka Nyeri kuuza mboga, na kibali chao kiliisha saa sita. Uchungu ukamshika mama pale karibu na soko, kabla ya siku zake, na saa sita ikapita yuko chini anashikilia nguzo ya veranda. Aliyewafungulia mlango ni fundi wa nguo, mama wa Kigoa ambaye hawakuwa wamewahi hata kumsalimu. Aliwatoa wateja wake, akafunga duka, akasukuma vitambaa, na mama akalazwa juu ya meza ya kukatia. Askari walipogonga, aliwajibu kupitia dirishani kwamba anampima bibi harusi, kwa hivyo waende zao. Kitovu changu kilikatwa kwa mkasi wake uliochemshwa, nikafungwa kwa kitambaa cheupe kilichokuwa kiwe gauni la mtu.

Sasa elewa jambo moja. Baba alikuwa mtoto wa pekee wa cucu, na mimi nikawa msichana wa pekee wa baba. Walionifuata wote walikuwa wavulana. Kwetu jina si pambo. Anayepewa jina lako ni wewe umerudi, na mimi ndiye niliyekuwa mlango wa pekee wa cucu kurudi. Siku ya kunipa jina, cucu alisimama mbele ya majirani akasema niitwe jina la aliyenipokea. Watu wakashika midomo. Wengine wakasema basi nipewe yote mawili, mambo yaishe. Cucu alikataa, akasema mtu harudi nusu. Wakamwonya kwamba akifa atakuwa ameisha kabisa. Akawauliza kama wangependelea siku hiyo wawe wanazika.

Kila msimu wa njahi tulikuwa tukivuna, tunapura kwa fimbo, vumbi linatuingia puani mpaka tunapiga chafya kwa zamu. Njahi, kama hujawahi kuonja, ni maharagwe meusi yenye mstari mweupe, chakula cha mwanamke aliyejifungua. Cucu alikuwa akijaza kiondo, kikapu chetu cha kamba, anakitundika kichwani kwa mkanda wake, na tunashuka mjini kwa miguu, mimi nyuma nikilalamika. Alimpelekea yule fundi kila mwaka, kwa sababu eti fundi alikuwa amejifungua, na ushahidi ni mimi. Yule mama hakuwahi kupata mtoto. Alikuwa akizipika njahi zetu kwa nazi na siki, duka zima linanuka uchachu, huku cherehani ikikwaruza. Cucu alimaliza sahani yake kwa heshima, na tukifika barabarani ananiambia kwamba hao watu wangekuwa wazuri kabisa kama wangejua kupika.

Ni fundi aliyenifundisha maana ya jina letu. Socorro ni Kireno, maana yake msaada. Ndilo neno mtu analopiga kelele akizama mtoni. Linatokana na Bikira Maria, Mama wa Msaada wa Daima, na kwao Goa, kule India, mapadri wa Kireno ndio walioleta majina hayo pamoja na maji ya ubatizo. Nikamuuliza kama alilipenda. Alitoa pini mdomoni kwanza. "Sisi Wareno walitupatia majina bila kutuuliza," akasema. "Wewe, bibi yako alichagua. Usikubali mtu akuambie ni kitu kimoja."

Nilikuja kulihitaji neno hilo darasa la saba. Uhuru ulikuwa umekuja, na mwalimu wetu mkuu alikuwa mzalendo wa kweli, simcheki. Alisikiliza redio kila siku, na redio ilikuwa ikisema jinsi Wareno wanavyowaua ndugu zetu Msumbiji. Siku ya kuandika majina ya mtihani akanisimamisha mbele ya darasa. Alisema hataandika jina la mkoloni kwa kalamu yake, tena la mkoloni ambaye bado anaua. Nilete jina la nyumbani kwetu kufikia Jumatatu, la sivyo nisahau mtihani. Na bila mtihani hakukuwa na sekondari. Kulikuwa na kuchuma kahawa ya watu mpaka uolewe.

Sikulia. Niseme ukweli, nilifurahi. Nilijua jina nitakaloleta. Nilikimbia mpaka nyumbani nikamkuta cucu anapepeta njahi, nikamwambia kwamba sasa atarudi, serikali yenyewe imesema. Aliweka ungo chini. Nikadhani atanibariki.

"Ningependa kurudi," akasema. "Nani hapendi? Lakini nilitoa. Nikichukua tena, sikutoa."

Jumatatu alifunga shuka lake jeupe tukaenda shuleni pamoja. Hakukaa kwenye kiti alichopewa. Mwalimu alimweleza habari za Msumbiji kwa adabu, na cucu akasikiliza zote, akasikitika kikweli. Kisha akasema kwamba Mreno hakumfungulia mlango, aliyemfungulia ni fundi, na askari wakiwa nje. "Jina la mtoto huyu lilikuwa langu," akamwambia. "Nililitoa mimi mwenyewe. Mwalimu, ukinirudishia umenitukana." Mwalimu aliinama akaandika. Aliniomba nimtajie herufi moja moja, nami nikamtajia kwa sauti ya kusikika mpaka madarasa ya nyuma.

Fundi aliondoka miaka michache baadaye. Wenzake wengi walikuwa wameshakwenda ng'ambo, wamechoka kuulizwa karatasi za uraia kila mahali, na yeye akauza cherehani akawafuata. Cucu alimpelekea kiondo cha mwisho cha njahi, wakashikana mikono pale verandani. Pale dukani sasa wanauza chaji za simu. Njahi nazo watu wamezipunguza shambani, ati zinachelewa kuiva. Cucu alikufa nikiwa sekondari, na kama majirani walivyosema, akaisha. Hakuna mtu Gatitu nzima aliyekuwa amepewa jina lake. Hata mimi sikuwahi kulitamka, maana kwetu mtoto hamwiti bibi yake kwa jina, hata akiwa kaburini.

Kwa hivyo jana nilienda Othaya na njahi kwenye kiondo. Dada za mke wa mwanangu walikuwa wamejaa sebuleni. Niliposema mtoto asipewe jina langu, apewe la cucu, wakaniambia desturi hairuki nyuma hivyo, zamu ya marehemu ilipita zamani. Wakasema jina langu ni zuri, litapotea bure. Wakasema basi yawe mawili. Nikawajibu kwamba mtu harudi nusu.

"Jina la mtoto huyu ni langu," nikawaambia, "na nimelitoa mimi mwenyewe."

Mwanangu akaniwekea mtoto mikononi. Nikalifunua blanketi, nikamsogelea sikioni, nikalitamka kwa mara ya kwanza maishani mwangu.

Wamuyu.