Wastoiki Hawakuchuma Chai Manga

Mwezi uliopita, nyanya aliyenilea alipofariki, meneja wetu wa kazini hapa mjini Kisii alinipa kitabu cha Wastoiki, wale wanafalsafa wa Ugiriki na Roma ya kale, kilichotafsiriwa upya kwa Kiingereza chepesi cha kisasa. Eti kinipoze. Nilikimaliza kwa siku mbili, na nilikiamini, rafiki yangu, ndiyo aibu yenyewe. Kimelainishwa hadi kinasomeka kama tangazo la benki: usihuzunike, kilicho nje ya uwezo wako kiache kiende. Aliyeandika hayo nadhani alikuwa na watu wa kumfulia nguo.

Mimi nililelewa Manga, kwenye chai. Asubuhi umande ulituloanisha hadi kiunoni, kapu mgongoni, na Nyanya alinikaripia kila nilipochuma majani makuukuu. Tukirudi tulikula ugali wa wimbi na saga, mboga yetu chungu ya majani, iliyolazwa kwenye maziwa. Saga ya hotelini siku hizi ni majani tu.

Ijumaa moja jua lilituchwea kabla hatujamaliza shamba, na kwa kuwa sisi ni Wasabato, na Sabato huanza jua linapotua, Nyanya aliiacha chai hivyo hivyo. Jumamosi tukiwa kanisani, mvua ya mawe ilishuka ikaichanachana yote. Sare yangu ya shule ilikuwa itoke kwenye chai hiyo. Nyanya aliketi matopeni na gauni lake la kanisani, akalia kwa sauti. Jirani akaja akalia naye, nami nikalia. Kisha akajifuta pua, akasema, "Haya, twende tupike ndizi." Kitabu kingemwita mtumwa wa hisia zake. Kipotelee mbali.

Kwetu mtu hufika msibani akilia tangu njiani. Mimi niliingia bomani macho makavu, nikijiona mwenye hekima. Shangazi akanivuta kando.

"Mwanangu, mlikosana na nyanya yako?"

"Hapana, shangazi. Najizuia tu."

"Unamzuilia nani?"

Tukamzika, watu wakala, wakatawanyika. Nafasi ya kumlilia Nyanya pamoja na waliomjua ilikuwa siku ile moja, nami nimeichezea kama mjinga. Kilio kilinijia juma lililofuata, kazini. Meneja aliinuka taratibu, akafunga mlango ili wateja wasisikie.