Pasi Yangu kwenye Droo ya Forodha

Kwetu Mafia, mtu akikupa amana huifungui. Nilikuwa narudi kutoka Maskati nilikokwenda kumwona dada yangu, na binti wa jirani yetu wa Ndagoni anayefanya kazi kule akanipa kifurushi cha kanga kilichoshonwa, nimpelekee mama yake. Nikakitia begini kama nilivyopewa. Uwanja wa ndege wa Dar es Salaam, afisa wa forodha akakichana. Ndani ya kanga mlikuwa na bangili za dhahabu.

"Zako?"

"Za watu."

Akacheka. Bangili akazizuia, sawa, ndiyo kazi yake. Kisha akachukua pasi yangu ya kusafiria akaitia kwenye droo. "Utaipata ushuru ukilipwa." Hakuniandikia hata mstari mmoja.

Nikamwambia mama yangu ana presha ya macho, jicho moja limeshazima, na tumeshapata tarehe ya kumfanyia upasuaji India lile lililobaki. Bila mimi hana wa kumshika mkono. Akanijibu, "Kila mtu ana mama." Hadi leo nikiyakumbuka maneno hayo damu hunichemka.

Nikarudi kisiwani, na hapo ndipo tulipoharibu. Badala ya kutafuta sheria tukatafuta mtu. Ndivyo tunavyotatua mambo: mjomba ana rafiki, rafiki ana shemeji yake forodhani. Mjomba akaniambia subira yavuta heri. Shemeji kila akipigiwa simu yuko kikaoni. Tukavuta, tukavuta, heri haikuja. Tarehe ya hospitali ikapita bado tunamngoja shemeji wa mtu.

Aliyenitoa tongotongo ni wakili mmoja, mwanamke wa bara, aliyekuja Kilindoni kutoa msaada wa sheria.

"Walikupa hati ya kuzuia?"

"Walinipa kejeli."

"Dada, mzigo wanaweza kuuzuia. Pasi ni mali ya serikali, si rehani ya kukaa kwenye droo ya afisa. Leo hii tunamwandikia mkuu wake, nakala Uhamiaji, atueleze ni kifungu gani kinamruhusu. Akinyamaza, tunakwenda Mahakama Kuu."

Hatukufika mahakamani. Barua ilipofika tu nikaitwa. Afisa yule yule akafungua droo ile ile, akanisukumia pasi mezani.

"Si ungesema mapema?"

Wallahi nilitamani kumzaba kibao. Nilikuwa nimesema mapema, mbele yake, huku nalia.

India tulikwenda. Daktari akalimulika lile jicho lililobaki, akazima tochi yake. Akasema mshipa umeshakufa, tungemwahisha angeliokoa.

Tuliporudi nyumbani mama alikaa barazani, akaniomba pasi. Akalipapasa jalada, akafungua, akapitisha kidole kwenye ukurasa wa picha.

"Humu umetoka vizuri?"

"Ndiyo, mama."

"Basi kaifiche, mwanangu. Wasije wakakunyang'anya tena."