Kwenda Kariakoo Kumlilia Maganga

Ndugu zangu wa Tabora, mliniuliza Dar nilifuata nini, na wengine mkaenda mbali, mkasema saluni nimeifunga kwa sababu nimepata mume. Mume wa kazi gani mimi, na magoti haya? Nilifuata jina. Mdogo wangu Shija amepata mtoto wa kiume, na baba yetu akataka mtoto aitwe Maganga, jina la babu yake yeye baba. Maganga huyo alichukuliwa kubeba mizigo katika vita vya Wajerumani na Waingereza, na hakurudi. Habari za mwisho zilizofika nyumbani ni kwamba alionekana Dar, kwenye kambi ya wapagazi ya Kariakoo.

Shangazi Nyamizi, dada mkubwa wa baba, akakataa katakata. Katika ukoo wetu majina yako mikononi mwake, hata baba hathubutu kumpinga.

"Huyo hatujamlilia," alisema. "Mtu hajaliliwa, mnampa mtoto jina lake? Na akirudi je?"

"Shangazi, leo akirudi atakuwa na umri gani?"

"Umri wake haukuhusu."

Basi mtoto kitovu kimeanguka, anacheka na watu, bado anaitwa Kichanga. Nikafungiwa unga wa uwele kwenye kipande cha kitenge, nikaambiwa nikaumwage pale alipolala, nimlilie, ndipo nirudi. Nikirudi sijamlilia, jina hilo litaachwa moja kwa moja, na mtoto atapewa lingine. Baba macho yamekwisha, na kitu kimoja tu anachokiomba kabla hajafumba hayo macho ni kusikia mtu anaitwa Maganga uani kwake. Hapo utakataaje safari?

Njiani sina la kujisifia. Basi liliondoka Tabora kungali na giza, Singida nikala kuku, Dodoma nikasinzia, Morogoro nikaamka shingo imepinda. Jirani yangu kwenye kiti aliniuliza kile kifurushi nilichokipakata ni dawa ya nani. Nikamwambia ni ya wanaouliza maswali. Alinyamaza mpaka Mbezi.

Ilala nilifikia kwa binamu yangu Zena, anayeshona mapazia. Nilipomweleza shida yangu, aliweka mkasi chini akanitazama.

"Dada, yaani umetoka Tabora kuja kutafuta kaburi la mpagazi? Kariakoo hii hii? Kule watu wanatafuta vioo vya simu!"

"Kwani kambi haikuwa huko?"

"Mimi nazijua fremu za mapazia tu. Lakini yupo mwalimu mmoja mstaafu, kila Jumamosi anawatembeza watu mjini kwa miguu, anawaonyesha mambo ya zamani yale yasiyosemwa. Wanafunzi wa chuo kikuu wanampenda sana. Nenda naye. Ila vaa raba."

Sikuvaa raba. Nilikwenda kumlilia babu, nikavaa viatu vyangu vizuri vyeusi, na nitawaambia hapo mbele vilinifanya nini.

Jumamosi asubuhi tulikutana Posta, chini ya sanamu ya askari. Walikuwepo wanafunzi wachache na simu zao, na mzee mmoja wa Kihindi, Bwana Kirit, mfamasia mstaafu aliyezaliwa Kisutu. Mbele yetu alisimama mama mnene mwenye mwavuli wa bluu, Mwalimu Pili mwenyewe.

"Shikamoo, mwalimu."

"Marahaba. Mgeni watoka wapi?"

"Tabora."

"Mnyamwezi?"

"Wa kuzaliwa."

Akaufunga mwavuli. "Yarabi! Mimi Mzaramo, chai sijanywa, naletewa mtani asubuhi yote hii!"

Kwa vijana wasiojua: Mzaramo na Mnyamwezi ni watani tangu enzi za misafara ya kuja pwani. Tunatukanana na ni marufuku kukasirika. Nikamjibu kwamba sisi tulikuwa tukitembea miezi kuja kuwaletea pembe za ndovu, tunawakuta wamelala, wamechoka na ngoma. Wanafunzi wakashangilia. Nikajua leo nimepatikana.

Pale pale Posta alianza kazi. Askari wa shaba ameinama na bunduki yake, singe imeelekea bandarini, na magari yanamzunguka hayana habari naye.

"Huyu amepata sanamu," Mwalimu Pili alisema. "Waliombebea chakula na risasi zake walikuwa wengi kuliko yeye. Walikufa kwa njaa, kwa kuhara na kwa mizigo. Wao wametajwa kidogo tu hapo chini kwenye maandishi. Someni wenyewe, si mko chuo kikuu?" Kisha akanigeukia. "Mtani, babu zako walibeba dunia nzima vichwani. Wewe kimkoba hicho kimeshakupindisha bega!"

Wote wakacheka, na mimi nikacheka kidogo. Ndani ya kimkoba ndimo ulimokuwa unga wa shangazi, lakini sikuwa nimemwambia mtu.

Kisutu ilikuwa zamu ya Bwana Kirit. Alisimama mbele ya jengo la ghorofa lenye vibaraza vya mbao vilivyopauka, akatuonyesha dirisha la juu. Nyumba ilikuwa ya baba yake, alisema, mpaka siku ilipotaifishwa, na yeye akaendelea kukaa humo humo kama mpangaji. Mwanafunzi mmoja akamuuliza alijisikiaje.

"Baba yangu hakusema na mtu wiki nzima," alijibu. "Mama alifurahi. Bomba likivuja, sasa lilikuwa la serikali."

Mnazi Mmoja tulipumzika, na mimi nikavua kiatu kimoja kwa siri. Kisigino kilikuwa kimechubuka. Mwalimu Pili akatueleza kwamba uwanja ule mpana uliachwa wazi makusudi wakati wa ukoloni, ili Uzunguni upande wa bahari utengane na Uswahilini. Walitoa sababu ya afya, eti mbu wa kwa Waswahili wasiwafikie wakubwa.

"Na sisi Wahindi tukawekwa katikati," Bwana Kirit akadakia, "ili mbu washibe njiani."

Mwalimu Pili alikuwa ameona kisigino changu. "Hebu mtazameni mjukuu wa wapagazi! Kutoka Posta mpaka hapa tu, na bado haijabebwa hata pembe moja." Nikamwambia avue viatu vyake tuone vidole vya Kizaramo. Lakini moyoni nilianza kuchoka naye. Nilikuwa karibu na pale nilipotumwa, na utani ulikuwa hauniingii tena.

Kariakoo tuliingia jua limeshakuwa kali. Nyote mnaijua, au mmeisikia: ndoo, mashuka, masufuria, vipaza sauti vinavyotangaza bei, mikokoteni, na vijana wenye marobota vichwani wakipiga kelele, "Njia, njia, mzigo!" Tulisimama pembeni ya jengo la soko.

"Ni hapa," Mwalimu Pili alisema, na safari hii hakucheka. Wajerumani walijenga banda la soko, vita vikaingia, Waingereza walipouchukua mji wakawaweka wapagazi papo hapo. Kariakoo ni jina la Kiingereza la jeshi lao hilo la wapagazi, lililobaki mdomoni mwetu.

"Walizikwa wapi?" nikauliza. Sauti ilinitoka kubwa kuliko nilivyotaka.

"Nikikwambia najua nitakudanganya. Wengi walibaki njiani. Na waliofia huku, hakuna aliyeyaandika majina kwenye makaburi yao."

Sikilizeni, mimi nilitegemea hata jiwe. Hata nguzo moja yenye kibao. Nikautoa unga nikatafuta pa kuumwaga. Mbele yangu kulikuwa na turubai la kandambili, mwenyewe akaruka: "Mama, mama, usinichafulie mali!" Kushoto ndoo za watu, kulia mtaro wa maji machafu. Nitammwagia Maganga unga wake mtaroni? Nilisimama na kifurushi mkononi nimeduwaa, machozi yananilenga kwa hasira. Ndipo nikawaeleza wote, pale pale, habari ya Maganga na Kichanga na shangazi.

Mwalimu Pili alinisikiliza mpaka mwisho. Halafu, jamani, akaninyang'anya kifurushi! Akakiweka kichwani, akampa Bwana Kirit mwavuli, akaanza kwenda huku miguu inampepesuka, anahema na kuguna, uso ameukunja.

"Mimi ndiye Maganga wa Tabora!" akapiga kelele. "Sibebi tena! Mwambieni bwana mkubwa ajibebee mwenyewe! Nimeacha mke, nimeacha mtoto, nimekuja kubebeshwa maharage ya watu! Na wajukuu zangu hawa, ona, wameniletea unga kiganja kimoja! Wanyamwezi wachoyo!"

Damu ilinipanda. Nikamfuata nimrarue. "Wewe mama una wazimu? Utamchezea marehemu wangu?"

Akaketi chini, katikati ya njia, na mzigo wake kichwani, akagoma kuinuka. Mikokoteni ikasimama. Mbeba mizigo mmoja, mtu mzima mwenye robota la mashuka, alikuwa nyuma yetu, akainama kutazama.

"Vipi hapa? Kuna msiba?"

"Upo," Mwalimu Pili akamjibu kutoka chini. "Mfiwa huyo hapo. Mimi ni mtani."

"Nani kafariki?"

"Mpagazi."

Yule bwana akalitua robota lake chini, akanifuata, akanipa mkono. "Pole sana, mama." Wenzake nao wakatua mizigo. Pole mama, pole dada, poleni sana. Mwenye kandambili akaja naye, akanisogezea kiti chake cha plastiki. "Kaa, mama, usisimame."

Hapo ndipo akili iliponirudia. Nimehudhuria misiba mingapi kwetu? Na ni nani anayeigiza mwendo wa marehemu, anayekalia njia, anayewatukana wafiwa na kuwapokonya vitu, na hakuna wa kumgusa? Ni mtani, na mtani haji bure bure. Anakuja penye msiba. Nilikuwa nimezunguka mji mzima natafuta kaburi, na msiba wenyewe ulikuwa umeshaanza, mimi ndiye niliyekuwa sijakaa.

Nikakaa. Nikacheka kwanza, kwa sababu Mwalimu Pili alikuwa bado anaguna na kifurushi kimemshukia jicho moja. Halafu nikalia. Nililia kwa sauti, Kariakoo mchana, nikimlilia mtu ambaye sijapata hata kuiona picha yake. Niliona uchungu wa kweli, siwafichi. Bwana Kirit alisimama nyuma yangu akinifunika kwa mwavuli wa bluu.

Tulipoinuka nikanyoosha mkono kudai unga wangu.

"Unga gani?" Mwalimu Pili akasema. "Mtani harudishi kitu. Naenda kuukorogea uji, na ukinisumbua nitakuja Tabora kuchukua na jogoo." Akakitia kifurushi mkobani mwake, akanikumbatia mpaka nikakosa pumzi.

Njia nzima ya kurudi nilikaa na hofu. Nilikuwa nimemlilia, ndiyo, lakini unga wa shangazi haukugusa ardhi; umeliwa na Mzaramo. Mbele ya Shangazi Nyamizi hayo nitayaelezaje?

Tabora nilimkuta uani, amekaa na baba. Alikuwa amejiandaa kunihoji.

"Kaburi umeliona?"

"Hakuna kaburi, shangazi. Kuna soko."

Baba akainamisha kichwa.

"Unga umeumwaga wapi?"

"Sikuumwaga. Kuna mtani alininyang'anya."

"Mtani gani?"

"Mzaramo. Aliuweka kichwani akaigiza mpagazi, akakaa njiani, akatuita wachoyo mbele za watu, halafu akaenda nao kupika uji."

Shangazi akasogeza kiti karibu. "Alikutukana hasa?"

"Hasa."

"Na watu walikupa pole?"

"Walitua mizigo wakanipa pole."

Akaanza kucheka, mabega yanamtikisika, mpaka khanga ikamwanguka. Kisha kicheko kikageuka, akapaza sauti, akamlilia babu yake, na majirani wakaja mbio kuuliza nani amefariki. Baba alikuwa analia kimya kimya, anatabasamu. Mimi nilijifunza kwamba mtu wetu akikosa kaburi, bado ana msiba wake, mradi wawepo watu wa kukaa naye. Miaka yote hiyo tulikuwa tukitafuta mahali, na tulikosa watu.

Kesho yake asubuhi Shija alimleta mtoto. Shangazi, na miaka yake yote, aliinuka kitini kwa shida, akashika mkono mdogo wa yule mtoto, akapiga goti.

"Shikamoo, babu Maganga."

Mtoto akapiga mwayo. Ikabidi baba amwitikie.

"Marahaba."