Sketi Tatu Zilizokosekana kwenye Sare za Kwaya

Mama Mkasi alimaliza darasa la saba akaingia moja kwa moja kwenye meza ya kukatia nguo, na meza hiyo hajaiacha, mwaka wa ishirini na sita huu. Kidole gumba chake kina sugu ngumu kama kwato. Karakana ni ya dada yake: dada anapokea wateja, yeye anakata, na wanawake sita wanashona. Kazi ilikwenda vizuri mpaka mume wa dada alipostaafu ofisini akakosa mtu wa kumwamrisha.

Shemeji huyo alikuja na ubao, chaki, na kalamu tatu mfukoni, moja haina wino. Akatangaza kwamba kukata kwa mazoea kumepitwa na wakati. Kuanzia sasa yeye ndiye atakayepanga vitambaa, na asiyefuata hesabu zake atahamia kwenye pasi. Asiyefuata alikuwa mmoja tu, na wote walimjua.

Basi ikaja kazi ya kwaya: mashati ishirini, sketi kumi, kitambaa cha zambarau ambacho dukani zilibaki mita sitini tu. Shemeji akachukua sare za hoteli walizokuwa wakizishona wiki ile, akaandika ubaoni. Jumatatu, mashati mawili na sketi tatu, mita tisa. Jumanne, mashati manne na sketi sita, mita kumi na nane.

"Shati mita moja na nusu, sketi mita mbili," alisema, akijipangusa chaki kama daktari aliyetoka kupasua. "Jumatatu inakubali, Jumanne inakubali. Mashahidi wawili. Kwaya ni mita hamsini."

"Shemeji, Jumanne tulifanya kazi ya Jumatatu mara mbili," Mama Mkasi akasema bila kuinua macho. "Huyo shahidi ni yuleyule, kabadilisha kofia tu."

"Wewe uliishia darasa la saba."

"Sawa. Basi mimi nasema shati mita tatu, sketi mita moja. Jaribu hapo."

Akajaribu, ili amwaibishe. Jumatatu ikatoa tisa. Jumanne ikatoa kumi na nane. Cherehani zikanyamaza moja moja.

"Upuuzi. Nani atavaa sketi ya mita moja?"

"Hilo umeliona kwenye sketi, hukuliona ubaoni. Mimi naweza kukutajia majibu mpaka ulale, na huo ubao wako utayakubali yote. Mkono wangu unasema mita hamsini na nne. Huuamini, chukua shati moja peke yake, ulipime."

Kupima shati moja! Mtu mwenye kalamu tatu aliona hiyo ni kazi ya vibarua. Dada akakohoa kidogo. "Mdogo wangu, mwache shemeji yako."

Akamwacha. Shemeji akanunua mita hamsini, akazipima mwenyewe kuanzia kushoto, kisha kwa uhakika zaidi akazipima kuanzia kulia. Zikawa hamsini pande zote mbili, akafurahi sana.

Mama Mkasi akakata alivyoamriwa, mashati kwanza. Kila shati lilikula mita moja na sentimita themanini, kama lilivyokula siku zote. Baada ya shati la ishirini zilibaki mita kumi na nne. Zikatoka sketi saba, nazo mita moja na themanini kila moja, na kipande kisichotosha sketi ya nane.

"Mwenye duka ametuibia," shemeji akasema.

"Si ulipima mwenyewe? Mara mbili?" dada akamuuliza.

Dada akatuma mtu dukani mbio. Mita kumi zilizobaki zilikuwa zimeshakwenda kwa mtu wa mapazia. Akamgeukia mumewe. "Nenda kwa mwalimu wa kwaya ukamweleze. Wewe, si mdogo wangu."

Siku ya kuimba, wanawake watatu walisimama nyuma ya wenzao kwa sketi nyeusi, wakiimba kwa hasira mpaka wakasikika kuliko wote.

Dada ameufuta ubao, na chaki amempa Mama Mkasi achoree vitambaa. Shemeji yuko kwenye pasi. Anaigusa kwa kidole kujua kama imepata moto, na kwa kuwa yeye ni mtu wa uhakika, anaigusa tena kwa kidole kilekile.