Kovu la Mwimo wa Kulia

Sipendi watu wanaokula huku wanaelezwa habari za wafu. Na ninayesema hivyo ndiye ninayewauzia hicho wanachokula. Naitwa Bekkie Sluijser. Duka letu la mikate liko kwenye kichochoro nyuma ya Weesperstraat, hapa Amsterdam, tangu enzi za babu yangu, ukitoa ile miaka michache ya vita na Wajerumani ambayo halikuwa letu. Kila Alhamisi saa tano asubuhi ziara ya mtaa wa Wayahudi ilisimama mbele ya dirisha langu: watu kumi na wawili, kila mmoja na kidude cha kusikilizia sikioni, wamevaa makoti ya mvua ya rangi za kuumiza macho. Walikuwa wametoka kwenye sinagogi la Wareno, yaani Wayahudi wa asili ya Ureno, wamekwisha kuona ukuta wenye majina ya Wayahudi waliouawa na Wanazi, na sasa walitaka bolus. Bolus ni andazi letu la tangawizi, linanata, na shira yake huchuruzika hadi kwenye kiwiko. Niliwatazama wakilamba vidole na kuulizana choo kiko wapi. Kisha nilipokea hela zao na kuwaambia karibuni tena.

Aliyewaongoza ni Duifje Augurkiesman, na habari hii ni yake.

Duifje ana miaka sitini na minne, mfupi, mabega mapana, na mwavuli wa kijani anautembeza hata siku ya jua kali. Alifundisha jiografia sekondari mpaka akachoshwa na vikao vya walimu, akaingia kazi ya kuongoza watalii, na humo akadumu miaka ishirini na miwili. Mumewe alimwacha zamani, akasema hawezi kugawana nyumba na maiti wote wale. Duifje aliponieleza hilo alicheka, akaongeza kwamba maiti angalau hawaachi soksi sakafuni. Hakuwa mtu wa maneno matamu. Mtalii akimuuliza analalaje usiku kwa haya anayoyajua, alimjibu kwamba analala kwa saa nane na anakoroma. Mwingine akijipiga picha huku meno yote yako nje mbele ya majina ya waliouawa, Duifje alikwenda kusimama katikati ya simu na ukuta, kimya, mpaka simu ishuke.

Sharti lake lilikuwa moja tu. Bolus inaliwa mbele ya duka langu, inaisha, vidole vinapanguswa kwa karatasi, ndipo watu wanavuka kwenda kwenye mlango ulio mkabala. Pale haliwi kitu. Nimewahi kumwona akimpokonya mwanamume mzima kipande cha mwisho na kukitia mfukoni mwa koti lake mwenyewe, shira na yote, kisha akaendelea kueleza.

Mlangoni pale hapakuwa na cha kutazama. Ni mlango wa kawaida wa nyumba nyembamba ya ghorofa tatu. Lakini kwenye mwimo wa kulia, usawa wa bega, palikuwa na kijishimo kirefu kama kidole, kimelala mshazari, kimefunikwa na rangi za miaka na miaka. Humo ndimo ilimokaa mezuza, kile kijaluba chenye kipande cha ngozi kilichoandikwa kwa mkono maneno ya Torati. Kila nyumba ya Wayahudi ilikuwa nayo, kulia kwako unapoingia. Wareno wanaisimamisha wima, sisi wengine tunailaza mshazari, kwa hiyo kovu lile lilikwambia hata ni Wayahudi gani waliokaa humo. Mtaa huu ulikuwa na makovu kama hayo kila mlango. Patasi za mafundi na rangi mpya vimeyamaliza, likabaki hilo moja. Duifje aliwaambia watu kwamba hapa pana shimo, anayetaka atie kidole. Basi, hakuongeza neno.

Hakuwaambia kwamba nyumba ile ndimo alimozaliwa mama yake.

Mimi nilijua, kwa sababu aliniambia siku moja tu, wakati wa matanga ya mama yake, na kwanza alihakikisha nimeweka kikombe na biskuti chini. Mama yake aliitwa Naatje. Vita ilipokuja alifichwa kwa wakulima kule Friesland, wazazi wake na kaka zake wawili wakachukuliwa na Wanazi, wasirudi. Vita ilipokwisha alikuwa na miaka tisa. Alirudishwa mjini, akaja mwenyewe mpaka mlangoni kwao, akagonga. Alifungua mwanamke asiyemjua, amevaa aproni ya mama yake Naatje. Nyuma yake ilisikika milio ya vijiko. Mwanamke yule hakumtukana. Alimwambia kwa upole, mwanangu, leo hatuwezi kukuruhusu uingie, tuna wageni ndani. Akafunga. Mezuza ilikuwa imeshang'olewa. Naatje alitia kidole kwenye shimo, akakaa nacho humo kwa muda, kisha akaondoka na hakurudi tena mpaka kufa kwake. Aliyasimulia hayo mara moja, akimenya viazi, na akamwekea binti yake sharti: usimhadithie mtu anayetafuna.

Sasa aingie Jorrit. Jorrit ndiye aliyeinunua kampuni ya ziara mwaka juzi, kijana wa miaka thelathini na kitu, viatu vyeupe, hana haya wala hajui vibaya. Alikuja kukaa dukani kwangu na Duifje, akaagiza kahawa, akaanza kumpapasa kwa maneno.

“Mama Duifje, watu siku hizi wanataka kitu cha kuwagusa moyo,” alisema. “Pale mlangoni pamepooza. Wewe lazima una hadithi yako. Kila Myahudi ana hadithi.”

“Ninayo,” Duifje alimjibu. “Miguu inaniuma.”

Jorrit alicheka kama mtu aliyelipwa kucheka. Lakini hakuliacha. Shemeji yake alikuwa ndiyo kwanza ameinunua ile nyumba ya mkabala ili awapangishe wageni kwa siku, na wawili hao wakaona wataua ndege wawili kwa jiwe moja: mlango upendeze, na ziara ipate kitu cha kupigia picha. Wakangoja mpaka Duifje akaenda kufanyiwa upasuaji wa jicho, siku kumi hayupo.

Hapa nisijitakase. Jumatatu ile niliwaona. Nilikuwa nafuta kioo cha dirisha. Fundi rangi alikuja na ndoo, akakwangua mwimo wa kulia, akachota puti, ule ugundi mzito wa kuzibia mbao, kwa kisu chake kipana, akaijaza ndani ya lile kovu, akalainisha, akapiga rangi ya kijani iliyokoza. Halafu Jorrit mwenyewe akapigilia kwenye mwimo wa kushoto mezuza ya shaba ya kung'aa, kubwa kama pasi ya makaa, ile ya duka la kumbukumbu za watalii. Wa kushoto, kwa sababu upande huo ndio unaopata mwanga mzuri wa picha. Nilimsikia akimwambia fundi hivyo. Ningeweza kuvuka barabara kwa hatua kumi. Lakini wiki hiyo hiyo Jorrit alikuwa ameniagiza bolus za ziara zake zote, si ya Alhamisi tu. Nikaendelea kufuta kioo ambacho kilikuwa safi. 

Alhamisi Duifje akarudi, jicho moja bado jekundu. Jorrit alikuwepo pia, amekuja na mpiga picha za video wa kutengeneza matangazo mapya. Sharti la kula lilikuwa limefutwa. Jorrit aligawa bolus pale pale mlangoni, ili harufu ya tangawizi, alisema, iende pamoja na historia. Nilizibeba mwenyewe kwenye trei. Wageni wakasogea wakitafuna. Mwanamke mmoja aliibusu mezuza ile kwa midomo yenye shira, mumewe akampiga picha, akamwomba arudie, akarudia.

Katika kundi palikuwa na mzee wa Buenos Aires, Myahudi mwenzetu, aliyekuja kutafuta mtaa wa babu yake. Alinyoosha mkono kuigusa, kisha akasita.

“Mbona iko kushoto?” alimuuliza Duifje. “Na mbona inacheza?”

Aliitikisa. Ndani kitu kikagongagonga. Akasukuma kifuniko kwa kucha, na badala ya ngozi yenye maandishi ukaanguka kiganjani mwake ufunguo. Ulikuwa ufunguo wa akiba wa nyumba, wa wageni wanaochelewa kufika. Shemeji alikuwa ameona kijaluba kiko kitupu, akakipatia kazi. Mzee aliutazama kama mtu aliyeokota jino la mtu kwenye chakula. Akamkabidhi Duifje, akapangusa kiganja kwenye suruali, mara mbili, akasogea kando.

Duifje hakuitazama tena mezuza. Alikwenda kwenye mwimo wa kulia, akapapasa kwa vidole juu chini kama anatafuta swichi gizani. Palikuwa laini. Akageuka, akaniona nimesimama na trei yangu.

“Uliona wakiziba?” aliniuliza.

“Niliona.”

“Ukasemaje?”

“Sikusema.”

Alinitazama kwa lile jicho jekundu, wala hakunitukana, na afadhali angenitukana. Kisha akaushika ule ufunguo kama kisu cha kumenyea viazi, akaanza kukwangua. Rangi mpya ilibanduka kwa vipande, puti ikadondoka kama jibini iliyokauka. Aliikwangua bila haraka, bila kuruka mahali, akipuliza vumbi kila baada ya muda. Hakuna aliyemzuia. Vidude vya masikioni mwa wageni vilikuwa bado vimeunganishwa na kipaza sauti cha kwenye kola yake, kwa hiyo wote walikuwa wanamsikia akihema. Kovu lilipotokea, mshazari wake ule ule, alitia kidole ndani na kuegemea mwimo.

Wageni wakapiga makofi.

Naapa, walipiga makofi. Mmoja alipiga kwa mkono mmoja kwenye paja, kwa sababu wa pili ulikuwa na andazi. Nimeishi miaka hamsini na saba na sijawahi kuchukia sauti yoyote kama ile. Mzee wa Buenos Aires peke yake aligeuza uso ukutani.

Jorrit alijipenyeza katikati yao, macho yanang'aa. Nilidhani atamgombeza kwa kuharibu rangi. Heri angemgombeza.

“Mama, hii ndiyo niliyokuwa naitafuta,” alimwambia, na kumshika bega. “Unaweza kuifanya kila Alhamisi? Namwambia fundi awe anaziba kila Jumatano, anatia puti laini, haitakuchosha.”

Duifje aliutoa mkono ule begani kwa vidole viwili, kama mtu anayetoa konokono kwenye kabichi. Akampa ufunguo.

“Fungua mlango,” alisema.

“Nini?”

“Si ni nyumba ya shemeji yako? Fungua, niingie.”

Jorrit alitazama madirisha ya juu, akatazama saa yake. Akapunguza sauti, akawa mpole kabisa.

“Leo haiwezekani, mama. Tuna wageni ndani.”

Niliona kidevu cha Duifje kikitetemeka, kitu ambacho sikuwahi kukiona hata kaburini kwa mama yake. Alipojibu alikuwa amesahau kipaza sauti, au hakujali tena, na maneno yake yakaingia kwenye masikio yote kumi na mawili kwa pamoja.

“Ndivyo walivyomwambia mama yangu,” alisema. “Hapa hapa. Alikuwa na miaka tisa.”

Akavua kipaza sauti, akakitundika kwenye mpini wa mlango, akachukua mwavuli wake wa kijani na kuondoka kuelekea mtoni. Hajaongoza ziara tena, na dukani kwangu haingii.

Jorrit hakumtazama akienda. Aligeuka upesi kwa mpiga picha wake, kuona kama maneno yale yamenaswa. Mpiga picha aliinua dole gumba. Hakuweza kusema kitu, mdomo ulikuwa umejaa. Alikuwa anatafuna bolus yangu.