Mkono wa Kulia wa Mwenzangu

Nilipiga makasia miaka sita na sikujua kuogelea. Niseme hilo kwanza, maana hapa Keumbu bado wananiita mwokozi, na watoto wa kanisani wamesimuliwa kisa changu wakaamini.

Shule niliachia darasa la saba. Nilikuwa nikipakia magunia ya majani chai kwenye lori, upande wa Kebirigo, siku kocha wa makasia aliponiona. Alikuwa amekuja kutoka ziwani kumtembelea shemeji yake, karani wa kituo cha majani. Alinizunguka kama mtu anayenunua ng'ombe, akasema mgongo kama huo ninauharibu bure kwa chai. Nikamfuata. Huyo ni wa kwanza katika lawama zangu, na akisoma hapa atajijua.

Alinipanga na msichana mmoja wa huko huko ziwani, wawili katika mashua nyembamba ambayo hata ukikohoa vibaya inayumba. Mikono yangu ilikuwa na sugu tayari. Kilichonishinda ni maji. Sisi wa milimani maji ni ya kuteka na kuogea, basi. Na sheria ya chama chetu cha makasia ilikuwa kwamba hakuna kupanda mashua kabla ya mtihani wa kuogelea. Siku ya mtihani kocha akamwingiza mwenzangu majini mara mbili, mara ya kwanza kwa jina lake, mara ya pili kwa jina langu, na kofia nyingine kichwani.

Mwenzangu alicheka njia nzima tukirudi. "Unajua wewe umeniacha nyuma?" akaniambia. "Mara ya pili ndiyo nilienda mbio."

Aliahidi kunifundisha. Kila aliponiita nilisema nasikia baridi, ama nina nguo za kufua. Ukweli ni kwamba niliona haya kuelea kama mtoto mchanga, mtu mzima na mapaja yake, mbele ya watoto wa ziwani wanaoogelea bila hata kufikiri.

Zilibaki wiki mbili tuende mashindano ya nje ya nchi. Mchana ule upepo ulikuwa umeanza, na boti ya injini inayopaswa kutufuata ilikuwa imefungwa ufuoni. Katibu wa chama alikuwa amechukua petroli ya boti akaweka kwa gari aende harusi. Huyo ni wa pili. Kasia langu likanaswa na magugu maji, mashua ikapinduka.

Mtu anayezama hana rafiki. Mwenzangu alinipigia kelele nishike mashua, mimi nikashika mkono wake wa kulia, nikauvuta nyuma kwa nguvu zote za ule mgongo uliosifiwa. Nilisikia bega likitoka mahali pake. Hata hivyo hakuniachilia. Alishika mashua kwa mkono wa kushoto, akanikinga kwa kifua chake mpaka wavuvi wakafika.

Kocha alinipeleka kando nikiwa bado natapika maji.

"Wakiuliza, wewe ndiye ulimwokoa," akasema. "Asiyejua kuogelea hawezi kuokoa mtu, kwa hivyo wewe unajua. Tumeelewana?"

Tulielewana. Mwenzangu naye aliambiwa huko hospitalini akae kimya, la sivyo atafukuzwa kwa kuogelea kwa jina la mtu. Bega halikupona, hakupanda mashua tena. Mimi nilienda na msichana mwingine, nikarudi na medali ya shaba. Mama akasimama kanisani siku ya Sabato akamshukuru Mungu kwa binti aliyeokoa maisha ya mwingine. Niliketi nikitazama viatu vyangu. Niliporudi kabisa kwa majani chai, medali ilikuwa ukutani kando ya kalenda, na hakuna mgeni aliyekunywa uji kwetu bila kuonyeshwa.

Mwaka jana mama akafa. Mwenzangu akasikia, akaja, mtu ambaye nilikuwa sijamwona karibu miaka ishirini. Shangazi yangu, dada yake baba, alikuwa langoni akipokea wageni. Mwenzangu akamnyooshea mkono wa kushoto.

Kwetu mtu mzima hasalimiwi kwa kushoto. Shangazi aliuacha mkono ule ukining'inia, akawageukia wanawake waliokuwa karibu, akasema kwa Kikisii, "Huyu alilelewa na nani? Ama anafikiri amekuja kusalimia mbwa?" Wakacheka chini chini. Mwenzangu hajui lugha yetu, lakini kicheko cha namna hiyo kinajulikana kote. Akajaribu kuinua ule wa kulia. Ulifika kiunoni, ukakwama.

Nilikuwa hatua mbili kutoka hapo, nimebeba chupa ya chai. Nilingoja hata nikaangalia jeneza, kana kwamba mama angeweza kusikia. Ndipo nikasema, pole pole, kwa lugha yetu:

"Shangazi, huo mkono niliuvunja mimi. Nilikuwa nazama. Yeye ndiye aliniokoa."

Shangazi alinitazama sana. Kisha akatazama hema, ambako mzee wa kanisa alikuwa akigawa karatasi za wasifu wa marehemu.

"Nyamaza, mwanangu," akasema. "Imeshachapishwa."

Akaushika ule mkono wa kushoto kwa mikono yake miwili, akampeleka mwenzangu kwa heshima yote mpaka safu ya mbele. Pale mwenzangu akaketi, na mzee wa kanisa akasoma jinsi marehemu alivyomlea binti aliyejitosa ziwani akamtoa mwenzake kwenye kifo. Alisoma kwa Kiswahili, ili wageni wasikie.

Ningeweza kusema tena. Kipaza sauti kilikuwa wazi, na mimi ndiye mfiwa, nani angenizuia? Nilibaki nimesimama na chupa.

Watu wakasema amina. Mwenzangu pia alisema. Kisha akageuka, akanitafuta kwa macho, na mimi nikainama nikaanza kumimina chai.